Ung'azi wa Bi Nyamizi

Walipokuja kuniita nilikuwa nakunywa uji, na nikaumaliza. Msinione sina utu. Mchopoaji kama mimi akikimbilia kitanda cha mgonjwa hufika moyo unamdunda, na moyo unaodunda haufai kwa kazi ile. Basi nikalamba bakuli, nikanawa mikono, nikajitupia blanketi begani, ndipo nikashuka ngazi za mwamba kwenda upande wa Wagando, huku nikimtukana kila niliyepishana naye.

"Wala ukoga nyie! Mna mgonjwa mahututi na bado hamjaoga?"

"Karibu, Mlumbi mchawi," wakanijibu. "Tulijua harufu ya maiti itakufikia huko huko juu."

Sisi Walumbi na Wagando ni watani. Tulianza utani siku ile mababu zetu walipoingia ndani ya mlima kuikimbia baridi, na hatujapumzika. Mtani wangu naweza kumvua kofia, nikala chakula chake, nikamwambia mbele ya wakwe zake kwamba ana sura ya mlango uliobomoka, naye asinune. Akinuna, ataimbwa ukumbi mzima mpaka aone haya. Wageni wangetuona wendawazimu, ila siku hizi hakuna mgeni. Nje ya lango kubwa hakiishi kitu. Jua letu limefifia, limebaki huko angani kama punje ya mtama, na mtu akitoka bila kinga hata jina lake hamalizi kulitamka.

Tunachoishi nacho ni ung'azi. Ni tembe ndogo kama kunde, laini kama jicho la samaki, hung'aa rangi ya samli, na kila mmoja wetu anao wake chini ya ngozi, hapa, chini ya mtulinga wa kushoto. Ung'azi hula mapigo ya moyo na kutoa joto. Zamani ulichimbwa humu humu mlimani. Mshipa wake ulikauka kabla sijazaliwa, na tangu hapo anayezaliwa humngoja anayekufa. Mtoto mchanga huishi kwa ung'azi wa mama yake, kifua kwa kifua, mpaka shingo ikaze. Baada ya hapo mmoja hautoshi wawili. Mama huanza kupauka, na mtoto naye.

Mjukuu wa Bi Nyamizi shingo yake ilikuwa imeshakaza.

*

Chumba kilikuwa kimejaa. Lukindo, mwana pekee wa Bi Nyamizi, alikaa miguuni pa kitanda, mwanamume mnene mwenye sauti ya kuongoza kikao, siku ile hana sauti yoyote. Mkewe Mkasi aliegemea ukuta, midomo imekuwa ya majivu, na mwanga wa kifuani mwake ulikuwa ukiwaka na kusinzia, ukiwaka na kusinzia. Kitandani Bi Nyamizi alilala chali, macho amefumba. Kifua kilikuwa kimemtesa muda mrefu, na tangu jana yake alikuwa hajasema neno. Lakini ung'azi wake uliwaka vizuri. Ulipenya shuka, ukaangaza kidevu chake chote.

Na mtoto walikuwa wamemlaza pale pale kwenye mto, mdomo wake karibu kabisa na sikio la bibi yake, analia kile kilio chembamba cha mtoto anayeishiwa joto.

"Nani kamweka mtoto hapa?" nikauliza.

"Mimi," akasema Lukindo. "Nimetaka amuage bibi yake."

"Mtoto ambaye hata kukaa hajui, anajua kuaga? Lukindo, hata uongo umerithi wa baba yako, hukuushona upya!"

Watu wakacheka. Lukindo naye akacheka kidogo, kisha akatazama ukuta. Nilijua alichofanya, na yeye alijua kuwa nimejua. Nilikasirika kweli kweli, nikaimeza hasira kwa sababu hasira nayo hudundisha moyo.

Niwaeleze kwa nini waliniita mimi na si mmoja wao. Ung'azi hauwezi kukaa hata kidogo nje ya ngozi iliyo hai. Mafundi wa joto walijaribu koleo za kioo, wakajaribu vijisanduku vya ngozi ya mbuzi iliyopashwa moto, wakajaribu glavu. Kila mara ulizimika ukawa mkaa, na mkaa ule hauwaki tena. Lazima upite katika kiganja cha mtu. Nao ukiwa kiganjani humsikiliza mtu huyo. Ukikuta mapigo yamevurugika kwa majonzi, hufa. Wafiwa wengi waliuzima kwa mikono yao wenyewe, wakawa na misiba miwili ndani ya siku moja. Ndipo wazee wetu walipoona kwamba anayeweza kuuchopoa ni mtu wa karibu asiyelia, anayeingia msibani akicheka, akavaa nguo za marehemu na kuigiza anavyotembea. Mtani.

Jambo la pili ni gumu zaidi. Ung'azi hauondoki na roho. Mtu akishakufa, wenyewe huendelea kuusukuma moyo kwa muda, mwili ukapumua, ukawa na joto, huku ndani hamna mtu. Ukingoja mwili upoe, na ung'azi utakuwa umeharibika. Kwa hiyo kupumua si alama ya uhai kwetu, wala mshipa wa mkononi. Alama yetu ni moja. Mtani humtupia mgonjwa utani mara tatu. Akijibu, hata kwa kukunja pua, yu hai na haguswi. Asipojibu mara zote tatu, huchopolewa. Na mtani anayemchopoa aliye hai, naye huchopolewa wake. Sheria ndiyo hiyo, haina mlango wa nyuma.

Nikakaa kitandani, nikamsukuma Bi Nyamizi kwa nyonga ili anipishe.

"We Nyamizi! Nimekuja kuchukua sufuria langu. Kufa utakufa, lakini sufuria kwanza!"

Kimya. Siku nyingine angesema sufuria lenyewe nililiiba kwake, akanitajia na mwaka. Watu wakatazamana. Mtoto akalia.

Nikatupa wa pili. "Jamani, msihangaike. Huyu hajafa, ameona zamu yake ya kupika imefika!"

Chumba kizima kikacheka, maana uvivu wa Bi Nyamizi jikoni ulijulikana mlima mzima. Yeye hakutikisika. Lakini mimi nilikuwa karibu, na nikaona koo lake likipanda na kushuka. Alikuwa amemeza mate.

Ung'azi unaweza kusukuma moyo, unaweza kupuliza mapafu. Haumezi mate. Bi Nyamizi alikuwa na jibu mdomoni, na alikuwa amelimeza.

Ulibaki utani mmoja, na huo mmoja ulikuwa wangu kuuchagua. Nilikuwa nao mmoja ambao Nyamizi hajawahi kuuacha upite: ule wa siku ya harusi yake, alivyojifungia stoo akala nyama ya wakwe mpaka bwana harusi akapokewa kwa mchuzi mtupu. Kila ukisimuliwa hukatiza, "Uongo! Nilionja tu!" Nikimtupia huo, atajibu. Angejibu hata akiwa ndani ya kaburi. Angeishi siku zake chache za kukohoa, na yule mtoto pale kwenye mto angekufa kabla yake. Nikimtupia utani dhaifu, atanyamaza, nami nitakuwa nimemuua kwa maneno nikijua. Na kunyamaza kwenyewe ni kwa hiari ya nani, wakati wamemfungia kilio cha mtoto sikioni?

Nikasimama nikapiga makofi.

"Tokeni! Wote! Nataka kumsachi ajuza huyu, najua ameficha tumbaku."

"Mtani," Lukindo akasema, "utani wa tatu hutupwa mbele ya watu."

"Na mbele ya watu wazuri. Nyie na sura hizo mtamfanya afe mara mbili. Toka na mwanao! Na wewe Mkasi, toka, unanizibia hewa!"

Mtani hakataliwi. Wakatoka, wanacheka kwa wasiwasi. Mtoto nilimnyanyua mimi mwenyewe nikamkabidhi mama yake, na alikuwa baridi kuliko nilivyotegemea. Nikafunga mlango, nikatia komeo.

*

Sijawahi kumsemesha Bi Nyamizi bila utani. Yeye ndiye aliyemchopoa mama yangu, akavaa viatu vyake na kuzunguka ukumbi akichechemea kama yeye, mpaka mimi niliyefiwa nikacheka. Nilimpenda kwa hilo. Siku ile nikainama sikioni kwake na sauti yangu ikatoka kama ya mtu mwingine.

"Bi Nyamizi. Wametoka wote. Tupo wawili."

Akafumbua jicho moja. "Unaniharibia kifo changu," akasema.

"Kumbe!"

"Kumbe nini? Nimenyamaza mara mbili. Unajua ilivyoniuma? Ule wa zamu ya kupika ulikuwa mbovu, Sikuzani. Mbovu! Ningekujibu hivi, ungehama mlima."

Nilitaka kucheka na nilitaka kulia. Nikamshika mkono.

"Kwa nini umenyamaza?"

"Mtoto nimemsikia. Wamemning'iniza sikioni kwangu kama kengele."

"Ndiyo maana nimemtoa. Sasa hayupo. Sema unavyotaka wewe, si anavyotaka Lukindo."

Pumzi ikamkwaruza. "Nataka kuishi," akasema. "Ulidhani nitasema nini? Nimezeeka, sijachoka. Nataka nimwone yule mtoto akitambaa, nimfundishe kumtukana mwanao. Lakini nikiwepo mimi, yeye hayupo. Nimeligeuza jambo hili tangu jana, kila upande lina miiba."

"Nitatoka nje niseme umejibu. Nani atanilaumu?"

"Mimi."

"Labda atakufa mwingine leo au kesho. Mzee Kabwela kule juu anakohoa..."

"Kabwela anakohoa tangu nikiwa msichana. Atatuzika wote." Akakohoa yeye. "Usinitafutie kichaka, Sikuzani. Umemgusa mtoto. Ana siku?"

Hakuwa na siku.

Na kwa kuwa nawasimulia, nisifiche. Wangu nilikuwa nao hapa kifuani, unawaka. Sikufikiria kuutoa. Wala yeye hakunitajia.

"Basi," akasema. Akavuta shuka mwenyewe, akafunua mtulinga. Ngozi yake ilikuwa nyembamba, ung'azi ukionekana kama unaelea. "Naogopa baridi. Wanasema huingilia miguuni."

Nikatoa kiunoni kijembe changu cha kuchopolea, nikakishika, na nikaona mara moja kwamba sitaweza. Moyo ulikuwa unanipiga mbavuni. Machozi yalikuwa yameshafika. Nikiugusa hivi, utazimika, na atakuwa amekufa bure, na mtoto naye.

"Siwezi," nikamwambia. "Nakupenda, mwanamke wewe. Mkono wangu utauzima."

Bi Nyamizi akanitazama kwa macho yote mawili. Ile dharau yake ya kila siku ikamrudia usoni, na nilishukuru kuiona.

"Tazama! Mchopoaji mzima analia. Ndiyo maana hata Mbwego alikukimbia."

Mbwego alikuwa mume wangu. Alitoka nje ya lango na kikosi cha kuchimba barafu, na hakurudi. Tangu siku ile hakuna mtani aliyewahi kulitaja jambo hilo kwa mzaha, si Mgando yeyote, si hata yeye Nyamizi. Walilizunguka kama shimo. Nami nilijifanya sioni wanavyolizunguka.

"Mlisema amepotea," Bi Nyamizi akaendelea, anavuta pumzi kila baada ya maneno mawili. "Amepotea wapi? Lango lilikuwa palee. Alisimama nje, barafu mpaka kiunoni, akafikiria akirudi atakukuta wewe unaongea. Akasema, ah! Heri nibaki na barafu. Barafu huuma, lakini haiulizi nilikokuwa."

Nikacheka. Wallahi nilicheka. Kicheko kilinitoka tumboni, mahali ambapo pamefungwa miaka yote ile, kikaja na Mbwego mwenyewe, na vidole vyake vilivyopasuka, na alivyokuwa akijifanya amelala nikianza kusema. Ilikuwa kweli! Mtu yule alikuwa anajifanya amelala! Bi Nyamizi akaniona ninavyocheka, naye akashindwa kujizuia, akacheka kile kicheko chake cha kuku anayetaga, kinachosikika korido nzima.

"Sasa," akasema katikati ya kicheko. "Sasa, mjinga wewe!"

Nikapasua. Ung'azi ukaniingia kiganjani, wa moto, unapapatika. Ukasinzia mara moja na nikahisi roho inanitoka. Nikamfikiria Mbwego na barafu mpaka kiunoni, amenuna, na kicheko kikarudi. Ukatulia. Ukaanza kufuata mapigo yangu.

Kifua cha Bi Nyamizi kikawa giza. Bado alikuwa ananitazama, na midomo yake bado ilikuwa na tabasamu.

"Kweli," akanong'ona. "Huanzia miguuni."

Nilitaka nilale karibu yake nimpe joto langu. Lakini kiganja kilikuwa kimejaa, na kiganja hakisubiri.

"Nenda," akasema. "Unangoja nini, nikupikie?"

Nikaenda.

*

Mkasi alikuwa ameshafunua kifua cha mtoto. Nikakata, nikabandika, nikakandamiza kwa dole gumba mpaka nikasikia mapigo mawili, langu na la mtoto, yanagombana. Kisha la kwangu likaachiliwa. Mwanga ukapanda chini ya ngozi yake ndogo. Mtoto akanyamaza. Halafu akalia kilio kinene, cha hasira, cha mtu mwenye nguvu zake, na wanawake wote wakapiga vigelegele mpaka ukumbi ukavuma. Mkasi alikuwa amekaa chini sakafuni akilia kwa furaha, rangi inamrudia mdomoni.

Lukindo hakuwa anamtazama mtoto. Alikuja mpaka karibu yangu, akasema chini chini.

"Nimesikia vicheko viwili."

Mtu gani asijue kicheko cha mama yake? Wengine kelele za wasiwasi wao ziliwaziba masikio, yeye alikuwa amesimama mlangoni. Sheria aliijua. Neno lake moja lilitosha kunichopoa mimi mbele ya watu wale wale waliokuwa wakipiga vigelegele.

Ningeweza kusema vyote vilikuwa vyangu. Lakini mle ndani kulikuwa na mtu ambaye baridi imeshampita magoti, peke yake.

"Nenda kamfunike mama yako, Lukindo," nikasema. "Nenda sasa hivi. Usichelewe."

Mtu haharakishwi kwenda kufunika maiti. Alinitazama, na nikaona neno lilivyomwingia. Uso wake ukavunjika. Akaingia, akafunga mlango.

Nami nikasimama pale mlangoni nikafanya kazi yangu. Yeyote aliyetaka kuingia kuaga nilimtukana. Nilimwigiza Bi Nyamizi anavyotembea, nikamwigiza anavyokataa kupika, nikavaa kilemba chake, nikawachekesha watu mpaka wakashika mbavu, na kila walipocheka nilishukuru kwa sababu hawakusikia kilichokuwa kikisemwa ndani. Mimi nilisikia kidogo. Nilisikia sauti ya Lukindo ikiomba radhi, na baadaye nikasikia ikiimba kitu cha watoto. Hiyo sitaisimulia.

Alipotoka hakuwa na shati. Mwanga wa kifuani mwake ulikuwa umefifia kama wa mtu aliyebeba mwingine, na midomo yake ilikuwa imepauka.

"Mama hakujibu," akawaambia watu, kwa ile sauti yake ya kikao. "Mtani amefanya kazi yake."

Kilichobaki ni matusi. Kwetu, kazi ikiisha, mfiwa humtukana mchopoaji mbele ya watu wote: mwizi wa maiti, kunguru, toka nyumbani kwangu. Humfukuza kwa kibao cha mgongo, watu wakacheka, na hapo mambo yamekwisha, utani umeendelea, wote tumebaki ndugu. Nikajiweka sawa. Nilikuwa nayataka matusi yale kama nilivyokuwa nataka maji. Nikamgeuzia hata mgongo.

Hakunipiga. Alizunguka mpaka akaja mbele yangu, akainama, akainamisha na kichwa, mtu mnene vile.

"Shikamoo, mama," akasema. "Ahsante sana."

Watu wakatazamana. Hakuna Mgando aliyewahi kumwamkia Mlumbi. Nikamwangalia usoni nikitafuta mzaha, hata kidogo, hata kwenye kona ya jicho. Haukuwepo.

"Marahaba," nikasema.

Nikavua kilemba cha Bi Nyamizi, nikakiweka juu ya kigoda, nikaanza kupanda ngazi kurudi kwetu. Waliokuwa ukumbini walinipisha njia. Waliokuwa ngazini nao walinipisha, maana habari ya ile shikamoo ilikuwa imenitangulia, wakajibana ukutani na kuniamkia vizuri, mmoja mmoja, kwa adabu. Nilipanda mpaka juu. Hakuna hata mmoja aliyenitukana.